Usiku, jukwaa limeshuka njiani: nani atapokea wageni?

Kinshasa, vijana wanavaa makopo, nyuzi na simu zilizokufa, wanaingia katikati ya magari. New York, watu walilipa tiketi ili wavae maski na kufuata wachezaji chumba kwa chumba. Njia ni mbili, kazi ni moja: mwenye kuangalia anaingizwa ndani ya mchezo. Kwa miji yetu linabaki swali: mchezo ukitoka ndani ya ukumbi, nani njo mwenye nyumba?

Teatre ile tulifundishwa ku masomo iko na mpango wake. Viti vinapangwa upande mmoja, jukwaa linakaa upande mwingine, taa zinazimika, kila mtu ananyamaza. Mchezaji anajua mahali pake, na mwenye kulipa anajua pake. Ikiisha, watu wanapiga makofi, wanarudia nyumbani.

Kuko aina nyingine yenye kuvunja mpango huo. Wafaransa wanaiita « spectacle immersif ». Sisi tunaweza kusema tu: sanaa ya kuingia ndani. Hakuna viti, ao kiti chako kiko katikati ya mambo. Mchezaji anapita karibu nawe mpaka unasikia pumzi yake. Mahali penyewe si teatre: ni depo ya zamani, nganda, njia ya kartie, lupango ya mtu, kiwanda kilichofungwa. Na mara mingi saa yake ni usiku, maana usiku watu wameacha kazi, na giza linasaidia macho kuamini.

Ndiyo sababu sanaa hii imefunga urafiki na maisha ya usiku. Mtu anatoka kwake akitafuta muziki na kinywaji, anajikuta ndani ya hadithi. Wengine wanafurahi. Wengine wanakasirika, wanauliza: « Bale beko na kichwa muzuri? » Wote wawili wako ndani ya mchezo, hata yule aliyekataa.

Makopo, simu na giza la Kinshasa

Kwa nchi yetu, mfano wenye kujulikana zaidi uko Kinshasa. Tangu mwaka 2015, msanii Eddy Ekete na wenzake wanafanya festivali ya KinAct, ambamo wachezaji wanashuka njiani wakiwa wamefunikwa na vitu vilivyotupwa. Ekete mwenyewe anajulikana kama mtu wa makopo: mwili mzima, kuanzia kichwa mpaka miguu, ni makopo ya vinywaji. Wengine wanavaa mapine yaliyokatwa, sindano za hospitali, vichwa vya toto za plastiki, nyuzi za umeme, kandambili za zamani.

Kazi yenyewe inaanza na sauti. Makopo yanagongana, mtoto wa kwanza anageuka, wa pili anakimbia kuita ndugu yake. Kisha kuko kundi. Shofa anapunguza mwendo, anafungua dirisha. Mama mwenye kuuza mikate anacheka ao anafanya alama ya msalaba. Hakuna mtu aliyetangaziwa kwamba spektakli imeanza, na hakuna mwenye kulipa. Lakini kila mtu amekwisha kuuliza swali ambalo msanii alilitaka: takataka hii yote inatoka wapi, na kwa nini inabaki kwetu?

Kundi la Kongo Astronauts, lililoanzishwa mwaka 2013 na Eléonore Hellio na Michel Ekeba, linasukuma swali hilo mbali zaidi. Ekeba anatembea ndani ya mji akivaa nguo ya mtu wa angani, iliyobandikwa vipande vya kompyuta na simu. Mtu wa Kolwezi ao wa Walikale hahitaji kuelezwa mingi. Kobalti na koltani vinatoka chini ya miguu yetu, vinaenda mbali, vinarudi vikiwa simu za okazio, na mwisho vinalala kwenye mifereji. Yule mtu wa angani anavaa safari hiyo mwilini mwake. Ukisoma habari hii kwenye ripoti, unageuza ukurasa. Ukikutana nayo saa moja ya jioni, karibu na kituo cha taksi, lazima upishane nayo.

Mwaka 2019 filamu ya Renaud Barret, « Système K », ilionyesha wasanii hawa kwa watu wa nje. Mwaka huohuo kundi la Kokoko! lilitoa albamu yake ya kwanza, « Fongola ». Vyombo vyao vya kwanza vilitengenezwa na chupa, makopo na vipande vya mashine. Albamu yao ya mwaka 2024 inaitwa « Butu », neno la Kilingala la usiku. Jina hilo linafaa. Kinshasa, usiku unagawanyika kufuatana na umeme. Penye SNEL imekata, kuko giza. Penye jenereta inaunguruma, kuko taa, spika, viti vya plastiki na watu. Msanii wa usiku lazima ajue ramani hiyo kuliko ramani ya komini.

Hapo njo nguvu ya sanaa ya njia: inakuta watu wasioingia kamwe ndani ya ukumbi. Lakini hapo pia njo uzaifu wake. Njiani hakuna mlango, kwa hiyo hakuna mwenye mlango. Mtu akimsukuma mchezaji, ao akivuta nguo yake, ao polisi akiuliza karatasi ya ruhusa, nani atajibu?

Kule kwa tiketi na maski

Tuangalie namna wengine walivyojaribu kujibu. Kampuni ya Punchdrunk ya Uingereza ilianzishwa mwaka 2000 na Felix Barrett. Spektakli yake « Sleep No More », yenye kutoka kwenye Macbeth ya Shakespeare, ilionekana London mwaka 2003, kisha ikafunguliwa New York mwaka 2011, kartie ya Chelsea, ndani ya majengo ambayo mbele yalikuwa na klabu za usiku. Walitengeneza ndani yake hoteli ya uongo, orofa juu ya orofa, na vyumba karibu mia moja: hospitali, makaburi, duka la sukari-sukari, ukumbi wa dansi.

Kila mgeni alipewa maski nyeupe na sheria chache: usiseme neno, usivue maski, fuata unayemtaka. Wachezaji karibu hawakusema kitu. Walicheza dansi, walipigana, walikimbia ku ngazi, na wageni nyuma yao. Mtu angeweza kufungua kabati, kusoma barua, kukaa peke yake ndani ya chumba nusu saa. Kisha kulikuwa na baa yenye muziki, na usiku uliendelea. Mchezo huo ulidumu New York mpaka Januari 2025. Shanghai ulianza mwaka 2016.

Hata wenye makuta na milango walipata shida. Mwaka 2018, wachezaji wa New York walieleza waandishi wa habari kwamba wageni waliwashika miili yao ndani ya giza. Maski inampa mgeni uhuru wa kuangalia bila haya, lakini inampa mtu mubaya mahali pa kujificha. Ukuta peke yake haulindi mchezaji. Kinachomlinda ni watu wenye kusimama pembeni, wenye kujua kazi yao, na sheria ambayo kila mgeni anaisikia mbele ya kuingia.

Berlin inatoa funzo lingine, la makuta. Klabu ya Berghain iko ndani ya kiwanda cha zamani cha kutoa umeme. Ilifunguliwa mwaka 2004. Mwaka 2016, korti ya kodi ya Berlin-Brandenburg ilikubali kwamba usiku wake wa muziki uhesabiwe kama konseri, kwa hiyo ulipe kodi ya 7%, ile ya mambo ya sanaa, pahali pa 19% ya michezo ya kujifurahisha tu. Mwaka 2024, Ujerumani iliweka tekno ya Berlin kwenye orodha yake ya kitaifa ya urithi wa utamaduni. Kwa macho ya serikali, mtu wa usiku ameacha kuwa mlevi tu. Amekuwa mtu wa kazi ya sanaa.

Sisi tuko na rumba, ambayo UNESCO iliiandika kwenye urithi wa dunia mwezi wa Desemba 2021, kwa ombi la Kongo zote mbili. Rumba ilikomaa ndani ya baa na nganda. Lakini tuko tayari kusifu rumba kwenye hotuba, huku tunaangalia mwenye nganda na mwanamuziki wake kama watu wa fujo.

Linyekula: baa ndani ya mchezo

Mkongomani mmoja aliweka baa ndani ya sanaa zamani kidogo. Faustin Linyekula, mzaliwa wa Ubundu, alianza kazi yake Nairobi, ambako mwaka 1997 alikuwa kati ya waanzilishi wa kundi la dansi la Gàara. Mwaka 2001 alifungua Studios Kabako Kinshasa, kisha akarudia Kisangani, mji wa utoto wake.

Mwaka 2005 alitengeneza « Le Festival des mensonges », yaani festivali ya uongo. Watu hawakuja kukaa mbele ya jukwaa. Walikuta muziki wa kuchezwa papo hapo, kinywaji, chakula. Na katikati ya ambiansi hiyo, sauti za wanasiasa wa nchi zilikuwa zinatoka kwenye spika, hotuba za miaka iliyopita, ahadi juu ya ahadi. Wachezaji waliteseka na maneno hayo mbele ya watu wenye chupa mkononi. Hakuna haja ya kueleza kwa nini mpango huu ulifaa. Hotuba za nchi yetu tulizisikia mara mingi hivyohivyo: ndani ya baa, redio juu ya meza, bia inapata moto, mtu mmoja anacheka na mwingine ananyamaza.

Linyekula hakuleta sanaa ndani ya usiku kama dawa ndani ya sukari. Alionyesha kwamba usiku wenyewe tayari ni mahali ambapo Wakongomani wanafikiria mambo yao. Na katika mpango huo kulikuwa na mwenye nyumba: anayemimina kinywaji, anayetoa chakula, anayeangalia kwamba mgeni anajisikia kuwa mgeni.

Lupango za Ouagadougou

Jibu lililo karibu zaidi na maisha yetu liko Burkina Faso. Festivali ya Récréâtrales, iliyoanzishwa mwaka 2002 na Etienne Minoungou, inafanyika Ouagadougou kila miaka miwili, kartie ya Bougsemtenga. Jamaa zinatoa viwanja vya nyumba zao, na viwanja vinageuka teatre. Njia ya kartie inapambwa, taa zinafungwa juu, watu wanatembea usiku kutoka lupango moja kwenda nyingine.

Fikiria maana yake. Mgeni hawezi kutukana ao kusukuma kama njiani, kwa sababu ameingia kwa mtu. Kuko mama wa nyumba, kuko watoto wanaolala chumba cha nyuma, kuko jirani anayeangalia. Heshima haikuandikwa kwenye tiketi; inatoka kwenye kizingiti. Na jamaa haikai kama watu wa kuangalia tu. Wanaona mazoezi siku kwa siku, wanajua mchezo mbele ya watu wa mji, wanaulinda kama kitu chao. Kartie nzima inauza chakula, inachunga pikipiki, inafanya mapambo. Usiku wa sanaa unaacha kitu nyuma.

Kwetu, lupango inajua kazi hii

Lubumbashi haianzi na sifuri. Nani hajaona kilio? Siku moja tu, lupango ya kawaida inageuka mahali pa watu mia moja. Hema inasimama, mara zingine mpaka katikati ya njia. Viti vinakuja kwa majirani. Kuko wa kupokea wageni, wa kuandika michango, wa kupika, wa kuangalia moto usiku kucha, wa kutuliza kijana aliyelewa. Wanaimba, wanacheza, wanasema maneno ambayo mchana hayasemwi. Hakuna mtu aliyesomea kupanga mambo hayo, lakini mpango uko, na kila mtu anaujua. Harusi ni hivyohivyo.

Hata teatre ya Kiswahili ya mji huu haikungojea ukumbi mkubwa. Kundi la Mufwankolo, lililopendwa kwa redio na televisheni, lilifanya kazi bila maandishi: wanakubaliana juu ya hadithi, kisha kila mmoja anatafuta maneno yake. Mwaka 1986 walitengeneza mchezo juu ya msemo « Le pouvoir se mange entier », wakaenda kuucheza ku kijiji cha Kawama, nje ya mji. Mtaalamu wa mila na desturi Johannes Fabian alifuata kazi hiyo na kuitolea kitabu mwaka 1990. Watu wa kijiji hawakuwa mapambo. Walicheka, walijibu, walikuwa sehemu ya mambo. Mchezo juu ya utawala, ndani ya kijiji, chini ya Mobutu: hapo kuingia ndani hakukuwa mchezo tu.

Na tangu mwaka 2008, kundi la Picha, pamoja na Sammy Baloji na Patrick Mudekereza, limeipa Lubumbashi biennale yake, yenye kutoa sanaa ndani ya kuta na kuipeleka penye watu wanapita. Vijana wengi wa mji waligundua hapo kwamba ukuta wa njia unaweza kuzungumza. Kinachokosekana si mawazo. Kinachokosekana ni mpango kati ya msanii, kartie na komini.

Yenye kupita na yenye kubaki

Kuko wenye kusema: ukianza kuomba ruhusa, sanaa imekufa. Wako na haki kwa upande mmoja. Mtu wa makopo akitangazwa wiki moja mbele na barua yenye muhuri, hakuna tena mshangao, na pengine barua itangojea « makuta ya kinywaji » kwenye ofisi moja. Kwa hiyo tutenganishe mambo mawili. Kuko sanaa yenye kupita: inatembea, inachukua dakika kumi, inaendelea. Hiyo inaomba tu adabu ya njia: usizuie gari la wagonjwa, usimguse mtoto, usimvute mtu kwa nguvu. Kuko sanaa yenye kubaki: inachukua lupango, nganda ao depo kwa usiku mzima. Hiyo lazima iwe na mwenye nyumba, na jina lake lijulikane.

Mwenye nyumba huyo ana kazi nne. Ya kwanza ni usalama wa wanawake, wachezaji na wageni pamoja. Mwanadada anayecheza gizani lazima ajue nani amesimama nyuma yake, na namna gani atarudia nyumbani saa saba ya usiku penye hakuna taksi. Ya pili ni usingizi wa majirani. Usiku ni wa wote: mwenye kucheza, mwenye kusali, muuguzi anayeanza kazi asubuhi, mtoto wa mtihani. Spika zikigeuzwa upande wa njia kubwa, na saa ya kufunga ikijulikana, mabishano mingi hayaanzi. Ya tatu ni moto na umeme: jenereta mbali na watu, nyuzi juu ya ukuta, njia mbili za kutoka. Mahali pasipojengwa kwa wingi wa watu panaua haraka.

Ya nne ni makuta, na hapo njo pagumu. Nguo za makopo za Kinshasa zimepigwa picha na wapiga picha wa Bulaya, na picha zimetundikwa kwenye kuta za maonyesho ya mbali. Hilo si baya. Wasanii wengine walipata safari na jina. Lakini picha inasafiri, kartie inabaki. Yule aliyekusanya makopo, yule aliyeshona usiku, mama aliyetoa lupango yake bure mwaka wa kwanza na wa pili, wote watauliza mwaka wa tatu: mimi niko wapi ndani ya hesabu? Na watakuwa na haki ya kuuliza.

Komini ingeweza kuanza na kitu kidogo: karatasi moja, bei moja inayojulikana, kwa usiku wa sanaa ndani ya lupango, bila mtu kuzunguka ofisi tano. Shefu wa kartie anajua majirani kuliko wizara yoyote. Aitwe mbele, si kesho yake wakati wa malalamiko. Wenye nganda ya Kamalondo na Katuba tayari wako na viti, taa na wateja. Siku moja kwa wiki watu wasipokuja sana, wangeweza kufungulia kundi la vijana, na mapato yagawanywe mbele ya macho ya wote. Na wasanii nao waache kufikiri kwamba kartie ni « dekori ». Watu wanaoishi mahali hapo walikuwa na hadithi zao mbele ya projekta kuwashwa.

Mwenye kupanga usiku wa namna hii Lubumbashi, Bukavu ao Kisangani hahitaji kuiga hoteli ya uongo ya New York. Aende kwanza kuuliza mama mwenye lupango ni wangapi wanaweza kuingia, mlango unafungwa saa ngapi, na yeye anataka nini kwa kazi yake. Akipata majibu matatu hayo, nusu ya mchezo imekwisha kuandikwa.